Uliwahi Kuugua au Bado Unaugua? Jinsi Ugonjwa Uliopona Unavyoandikwa Kwenye Faili Yako

Tangu bima ya afya ya umma hapa Kenya ihamie Mamlaka ya Afya ya Jamii (SHA) mnamo Oktoba 2024, wagonjwa wengi wanaopita kwenye dirisha letu la rekodi wameanza kusoma kwa makini karatasi wanazopewa. Ni jambo jema. Lakini malalamiko nayo yameongezeka, na karibu yote ni ombi moja: "Nifutieni huo ugonjwa, nilishapona."

Mwezi uliopita mama mmoja kutoka Kayole, aliyekuwa amelazwa kwa nimonia, aliweka karatasi yake ya kuruhusiwa kwenye kaunta, kidole kikiwa kwenye mstari wa tatu. Paliandikwa A15.0. "Daktari, hii TB nilimaliza dawa zote miezi sita. Mbona bado mnaniandika?"

Nilifungua faili. A15.0 ni msimbo, yaani herufi na namba zinazosimama badala ya jina la ugonjwa: hapa ni kifua kikuu (TB) cha mapafu kilichothibitishwa kwa kupima makohozi, tena kilichopo sasa. Daktari alikuwa ameandika maneno mawili tu: "TB 2019." Je, 2019 ni mwaka alioanza kuugua, aliopona, au aliorudiwa? Haikusemwa, na aliyeweka msimbo akaandika kana kwamba mama bado anaugua. Kosa lilikuwa letu. Mama alikuwa na haki ya kulalamika, ila alichoomba, kufutiwa, sicho kilichomfaa.

Ugonjwa wa kuambukiza una sehemu tatu za kuandikwa, na kila moja ina maana yake. TB iliyopo huenda kwenye A15 hadi A19. TB iliyopona ikaacha madhara, kwa mfano mirija ya mapafu iliyotanuka na kumfanya mtu akohoe miaka nenda miaka rudi, huandikwa kwa msimbo wa madhara hayo pamoja na B90. TB iliyopona kabisa huenda kwenye Z86.1, yaani mtu aliwahi kuugua ugonjwa wa kuambukiza au wa vimelea. COVID-19 nayo ni hivyo hivyo: U07.1 ni anaugua, U09.9 ni amebaki na athari, U08.9 ni aliwahi kuugua. Misimbo hii ni ya toleo la 10 la orodha ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani. Toleo la 11, lililoanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, limebadilisha herufi na namba, lakini tofauti kati ya "ana" na "aliwahi" iko palepale.

Naomba hili lieleweke vizuri: kirusi cha Ukimwi hakiandikwi kama historia. Kipimo kikionyesha kirusi hakionekani kwenye damu, dawa zinafanya kazi, nasi tunafurahi pamoja nawe, lakini hujapona. Homa ya ini aina ya B iliyo sugu ni hivyo hivyo. Usimlazimishe afisa kuandika vinginevyo.

Kwa nini basi tusifute tu? Kwa sababu mwili haufutiki. Mashine ya GeneXpert hutafuta vinasaba vya bakteria wa TB, na vya bakteria waliokufa vinaweza kuonekana muda mrefu baada ya mgonjwa kupona. Daktari asiyejua kwamba ulishatibiwa anaweza kukuanzishia dawa upya bila sababu. Anayejua ataagiza makohozi yaoteshwe maabara ili kuona kama kuna bakteria walio hai, na pia atachunguza usugu wa dawa, kwa kuwa hatari yake ni kubwa zaidi kwa aliyewahi kutibiwa. Kaswende nayo huacha kingamwili ambazo baadhi ya vipimo huzikuta maisha yote. Na wale wanaoniambia wana "taifodi ya kudumu" kwa sababu kipimo cha Widal hakikosi kusoma kitu kila wakipimwa, nimechoka kuwajibu dirishani: kipimo hicho kinaweza kuonyesha tu kwamba mwili ulikutana na vijidudu hivyo zamani.

Kuna vijana wanaotaka "faili safi" ili wakafanye kazi Ghuba. Nawaelewa, kazi ni ngumu kupatikana. Lakini kovu la mapafu litaonekana kwenye eksirei hata kama faili nzima ingechomwa. Kitakachokusaidia ni karatasi inayosema ulitibiwa, lini, na ukamaliza dawa.

Sasa utaratibu. Andika barua kwa kituo kilichokutibu, ukitaja namba yako ya mgonjwa, tarehe ya ziara, mstari unaoupinga na unavyotaka usomeke. Ambatisha nakala ya kitambulisho na ushahidi, kwa mfano kadi ya kliniki ya TB yenye tarehe ya kumaliza dawa. Baki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Wengi huniita daktari lakini mimi si daktari, na siwezi kubadilisha utambuzi wa ugonjwa: barua hupelekwa kwa tabibu, akikubali anaandika upya, ndipo sisi tunabadilisha msimbo. Maandishi ya awali hukatwa kwa mstari mmoja, yakabaki yanasomeka, pamoja na sahihi na tarehe. Yule mama alipata karatasi mpya siku ya tisa: nimonia juu, Z86.1 mstari wa tatu.

Kanuni za ulinzi wa data za mwaka 2021 zinakipa kituo siku 14 kurekebisha. Kikikataa, kinapaswa kukupa sababu kwa maandishi. Kama taarifa ilishatumwa kwa bima, kituo kinatakiwa kuchukua hatua za kuijulisha. Usiporidhika, lalamika kwa Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data, ambayo hupaswa kukamilisha uchunguzi ndani ya siku 90. Chini ya Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019, faini ya kiutawala inaweza kufika shilingi milioni 5 au asilimia 1 ya mapato ya mwaka uliotangulia, kiasi kilicho kidogo kati ya hivyo viwili. Makosa yasiyowekewa adhabu mahususi yanaweza kuleta faini ya hadi milioni 3, kifungo cha hadi miaka 10, au vyote viwili. Maelezo haya ni ya jumla. Kesi yako inaweza kuhitaji wakili.

Huduma hii haihitaji dalali. Mtu akikudai pesa kule getini akuondolee ugonjwa kwenye kompyuta, mripoti kwa msimamizi wa hospitali. Maafisa wa rekodi tunasimamiwa na bodi iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2016, na anayefuta rekodi kwa malipo anaweka hatarini leseni yake na mapafu yako.

Ukiulizwa na daktari kama umewahi kuugua, usijibu "TB" ukanyamaza. Sema: niliugua TB mwaka fulani, nikatibiwa kituo fulani, nikamaliza dawa mwezi fulani. Kisha mtazame anavyoandika, na kama ameandika neno moja, mwombe aongeze mengine.