Mhakiki wa filamu hayupo kugawa nyota tu

Wengi wakisikia uhakiki wa filamu wanawaza nyota tano na swali moja, muvi kali au mbovu? Hiyo ni rivyu, inakusaidia kuamua uangalie au ulale zako, na sio mbaya. Uhakiki wenyewe unaanza ukishaangalia, na spoila hauziogopi, maana utachambuaje mwisho wa stori huku umeuficha.

Chukulia sini ya mke na mume sebuleni, maongezi ya kawaida kabisa, "umerudi saa ngapi", "kazi ilikuwaje". Ila kamera imebaki koridoni inawachungulia, fremu ya mlango imemkata mume nusu, muziki hamna. Unahisi kabisa hawa wawili hawako sawa, ila ukiulizwa umejuaje unabaki kujikuna kichwa, maana hakuna aliyesema. Mhakiki ndo anaingia hapo, anakuonyesha hiyo hisia imetengenezwa na nini, kamera imekaa wapi, shoti imekatwa muda gani, nani hatumwoni.

Kwenye editing, yaani kukata na kuunganisha shoti, ndo tunachezewa zaidi. Inasimuliwa kwamba dairekta Mrusi Lev Kuleshov, karne moja hivi iliyopita, aliunganisha uso uleule wa mwigizaji na sahani ya supu, alafu na maiti kwenye jeneza, watu wakaona njaa, wakaona majonzi, wakamsifia jamaa anajua kuigiza (wakati uso haukubadilika hata kidogo!)

Na tafsiri haigandi. Filamu ya Vertigo ya dairekta Alfred Hitchcock ilipotoka 1958 wahakiki wengi hawakuipa uzito, lakini wengine wakairudia na kuirudia, na kwenye kura ya filamu bora za muda wote ya jarida la Sight and Sound la Uingereza, inayopigwa kila miaka 10 tangu 1952, ikashika namba moja mwaka 2012. 2022 ikashuka ya pili. Muvi ni ileile, macho ndo yamebadilika.

Sasa sio kila tafsiri ipite. Mtu akikwambia filamu hii inahusu upweke, muulize kwenye sini gani, akishindwa kukuonyesha basi katunga. Akionyesha, hata dairekta akisema mimi sikumaanisha hivyo, bado hoja inasimama, kilichopo kwenye skrini kipo.

Ukitaka kujaribu, chagua sini ya dakika mbili, zima sauti, hesabu shoti zimekatwa mara ngapi, alafu irudie na sauti.