Crisi di governo: serikali ya Italia inapoanguka bila kushindwa kura

Waitaliano wakisema crisi di governo, yaani mgogoro wa serikali, hawana maana kwamba nchi imekosa utawala. Maana yake ni kwamba waziri mkuu amejiuzulu mbele ya Rais wa Jamhuri. Mawaziri hubaki ofisini kwa shughuli za kawaida tu. Rais huwaita viongozi wa vyama kwa zamu, kisha humteua mtu wa kuunda serikali nyingine. Njia ikikosekana, hulivunja Bunge.

Kwa ibara ya 94 ya Katiba ya 1948, serikali lazima ifike mbele ya mabaraza yote mawili ya Bunge ndani ya siku 10 tangu kuundwa, kuomba kura ya imani. Hoja ya kutokuwa na imani hutiwa saini na angalau sehemu moja ya kumi ya wajumbe wa baraza, na haijadiliwi kabla ya siku 3 kupita. Utaratibu ni mzuri, ila hautumiki sana. Waziri mkuu Romano Prodi alianguka bungeni mwaka 1998 kwa kura 312 dhidi ya 313, lakini hiyo ni nadra. Kwa kawaida mgogoro huzaliwa nje ya ukumbi, chama kikimwacha mkono mshirika wake au waziri mkuu wake mwenyewe.

Mtaani nako huwa na uzito. Aprili 1960 waziri mkuu Fernando Tambroni wa chama cha Demokrasia ya Kikristo alipata imani kwa kura 300 dhidi ya 293, akibebwa na MSI, chama cha warithi wa ufashisti. Mawaziri watatu wa chama chake walijiuzulu kwa aibu hiyo. MSI nao wakachagua kufanya mkutano mkuu wao Genoa, mji ambao wapiganaji wake wenyewe waliwalazimisha Wajerumani kusalimu amri Aprili 1945. Ni kama kutia chumvi kwenye kidonda. Juni 30 mji uligoma, watu wakapambana na polisi katika uwanja wa Piazza De Ferrari, na mkutano ukafutwa. Julai 7 polisi waliwaua kwa risasi waandamanaji 5 katika mji wa Reggio Emilia.

Waandamanaji hawakuwa na kura hata moja bungeni. Walichofanya ni kupandisha gharama ya kura za MSI, hadi chama tawala kikaona hazibebeki tena. Tambroni alijiuzulu Julai 19, bila kura yoyote ya kumwondoa. Amintore Fanfani akachukua nafasi yake kwa msaada wa vyama vidogo vya kati, na Desemba 1963 Wasoshalisti wakaingia serikalini chini ya waziri mkuu Aldo Moro.