Mazigazi: maji ambayo hayapo, na kamera inayaona

Mazigazi ni yale maji yanayong'aa mbele ya msafiri jangwani, mahali pasipo na hata tone. Wengi huyadhania kuwa ndoto ya mtu aliyezidiwa na kiu. Sivyo. Kamera haijui kiu, na bado huyanasa.

Jua likiwaka, mchanga huipasha moto hewa iliyo juu yake tu, ikawa nyepesi kuliko hewa ya juu zaidi. Mwanga wa anga unaposhuka kwa mshazari na kukutana na hewa hiyo nyepesi, hupinda, ukageuka kwenda juu kabla ya kugusa ardhi, kisha ukaingia machoni. Macho yetu huchukulia kwamba mwanga umekuja moja kwa moja, hivyo tunaiona anga imelala mchangani. Tunaita maji. Na kwa kuwa hewa ya moto haitulii, “maji” hayo huchezacheza. Mwanga ni wa kweli. Maji ni tafsiri yetu.

Kuyapiga picha ni kazi, maana hukaa kwenye ukanda mwembamba karibu na upeo wa macho. Kwa lenzi ya kawaida huwa kama uzi. Panahitajika ardhi tambarare, jua kali na lenzi ndefu, ile inayovuta vitu vya mbali.

Sijaona mfano unaoshinda filamu ya Lawrence of Arabia ya mwaka 1962. Mwongozaji David Lean na mpiga picha wake Freddie Young walikuwa na lenzi ndefu ya kampuni ya Panavision, ya milimita 482, katika jangwa la Jordan. Mwigizaji Omar Sharif anatokea mbali juu ya ngamia. Kwanza ni doa jeusi linalotetemeka, halafu umbo linaloelea kama limekatwa kutoka ardhini, na mwisho kabisa ni mtu. Lenzi ya aina hiyo hubana umbali, kwa hiyo mpandaji anakuja, anakuja, wala hafiki. Lean alikubali kungoja, na kungoja huko ndiko kunakonishika kila ninapoitazama: fremu karibu tupu, na bado huwezi kuondoa macho.

Urefu wa kamera kutoka ardhini nao una uzito wake. Mwanga hupinda kidogo tu, hivyo mazigazi huonekana kwa pembe finyu sana. Ishushe kamera karibu na ardhi, dimbwi linatanuka. Ipandishe juu ya ngazi, linasinyaa, na pengine mchanga mkavu unabaki peke yake.