Laktomita haina ugomvi na mtu, wafugaji tuelewane

Wafugaji habari zenu. Tangu masika yaanze malalamiko yamezidi, kila asubuhi lazima kuna mtu anafoka pale getini kwamba laktomita yetu, kile kifaa cha kupimia uzito wa maziwa ili kujua kama yametiwa maji, ni mbovu, mara imechezewa ili tukatae maziwa. Nimeombwa niandike kidogo, naongelea kituo chetu cha kupokelea maziwa cha hapa Tanga tu, vituo vingine vina taratibu zao.

Kwanza hili la majani mabichi, kwamba eti ng'ombe akila majani ya masika maziwa yanakuwa na maji. Jamani, ng'ombe akila majani yenye maji yale maji hayaendi kwenye chuchu, anayakojoa! Maziwa ya ng'ombe mzima yanasoma kati ya 26 na 32, yani uzito wa 1.026 hadi 1.032 ukilinganisha na maji ambayo ni 1, mvua inyeshe isinyeshe. Tia lita 1 ya maji kwenye lita 9 za maziwa, namba inashuka kama alama 3 hivi. Na wale wanaoengua malai (yale mafuta ya juu), namba ikapanda, alafu wanajazia maji ili irudi palepale tunawajua, ndo maana tunapima pia kiasi cha mafuta. Unga pia unaonekana, tone la ayodini tu maziwa yanageuka bluu.

Ila na sisi tunakosea, nikubali. Juzi kuna mama ametoka Pongwe, keni yake imeletwa na bodaboda, maziwa yamekamuliwa hata nusu saa haijafika, povu mpaka shingoni, kijana wetu akatumbukiza laktomita humohumo, ikasoma 25, akamwambia rudi nayo nyumbani. Mama wa watu hakuondoka, akakaa kwenye benchi na keni yake mpaka nikafika. Nikachukua kipimajoto: nyuzi 29. Sasa kifaa chetu kimetengenezwa kwa nyuzi 20, kila nyuzi inayozidi unaongeza 0.2, kwahiyo ile 25 ilikuwa 26.8. Tukayaacha povu litulie, tukayapoza, yakasoma 28. Tulimwomba radhi, yakapokelewa.

Kwahiyo utaratibu saivi ni huu: unakoroga taratibu bila kutoa povu, unamimina kwenye silinda mpaka ijae, laktomita ielee bila kugusa ukuta, unainama jicho liwe usawa wa maziwa, joto linaandikwa pembeni ya namba. Ukikataliwa una haki ya kudai kipimo cha pili mbele yako, sampuli inagawanywa chupa mbili, zote zinaandikwa jina, tarehe na saa, mnasaini wote wawili, moja inabaki kwenye friji yetu. Ikithibitika ni maji, mara ya kwanza yanarudishwa na inaingia kwenye daftari, mara ya pili unapimwa kila siku kwa siku 7, mara ya tatu jina linaenda kwenye kamati ya kikundi chako na hapo sisi hatuna msaada tena.

Na dang'a, maziwa ya kwanza baada ya ng'ombe kuzaa, msilete. Laktomita ikipanda mpaka 40 mtu anajisifu ana maziwa mazito, hayo ni ya ndama, tutayarudisha vilevile.