Nandroloni dekanoeti: "deka" si "deksa"

Kijana mmoja, mpagazi wa pale Kibirizi, aliingia kwenye duka letu la dawa Mwanga, hapa Kigoma, na kikaratasi kilichokunjwa mara nne.

"Shikamoo dada."

"Marahaba mdogo wangu. Nikupe nini?"

Akakikunjua juu ya kaunta. Kimeandikwa neno moja kwa kalamu ya bluu: deksa. Wenzake wanaonyanyua naye chuma jioni walimwambia hiyo ndiyo dawa ya kujaza kifua. Cheti cha daktari hakuwa nacho. Nilipomdodosa, nikagundua ameshaanza zamani: anameza vidonge viwili kila siku, wiki ya sita sasa, amenunua kwingine. Kifua hakijajaa. Mashavu ndiyo yamejaa, na mapaja, kwa maneno yake mwenyewe, "yamekuwa kama ya mtu aliyetoka kuumwa".

Alichokuwa anakitafuta, kwa kusikia tu, ni deka. Herufi moja imemzungusha wiki sita. Tangu siku hiyo kila anayeniuliza maneno haya mawili namweleza taratibu, na hapa nayaandika kama ninavyoyaeleza kaunta.

Deka ni kifupi cha nandroloni dekanoeti. Ni dawa ya sindano, homoni iliyotengenezwa maabara kwa kuigiza testosteroni, ile homoni ya kiume ambayo mwili hujitengenezea wenyewe. Imo kwenye kundi la steroidi anaboliki, maana yake steroidi za kujenga: huusukuma mwili utengeneze protini zaidi, hasa kwenye misuli. Jina la kibiashara lililoitangaza duniani tangu miaka ya 1960 ni Deca-Durabolin, la kampuni ya Organon, wakati huo ya Uholanzi. Kutoka hapo watu wamechukua kipande cha mbele, wakaacha kingine chote. Deka hii haihusiani na kudeka kwa mtoto.

Jina lenyewe ukilifungua linakueleza dawa. "Andro" ni Kigiriki, mwanamume. Herufi N iliyotangulia imebaki kutoka neno "nor", ambalo wanakemia hulitumia pale kipande fulani kimeondolewa. Testosteroni ina atomi 19 za kaboni. Nandroloni ina 18, kwa sababu kaboni ile inayopewa namba 19 imetolewa. Ni badiliko dogo mno ukilitazama kwenye mchoro, lakini limefanya dawa hii ielemee zaidi kwenye kujenga misuli kuliko kuleta sifa nyingine za kiume kama ndevu. Elewa neno "kuelemea". Sifa hizo hazikuondoka, zimepungua tu, na mwanamke akichomwa kwa muda sauti inaweza kuwa nzito na isirudi tena hata akiacha.

"Dekanoeti" ndiyo sehemu ninayoipenda zaidi kuieleza. Deka kwa Kigiriki ni kumi. Nandroloni imefungiwa mkia wa asidi ya mafuta yenye kaboni kumi. Asidi hiyo si kitu kigeni: imo kwenye maziwa ya mbuzi, na kidogo imo kwenye mafuta ya mise, yale yanayokamuliwa kwenye kokwa la mchikichi, tunayoyajua vizuri hapa Kigoma kwa kupikia sabuni. Mkia wa mafuta hupenda kukaa kwenye mafuta. Kwa hiyo dawa huyeyushwa ndani ya mafuta (Deca-Durabolin ilitumia mafuta ya karanga, na ndiyo maana mwenye mzio wa karanga hakutakiwa kuigusa), kisha huchomwa ndani kabisa ya msuli. Pale inakaa kama akiba. Inachuruzika kidogo kidogo kuingia kwenye damu, vimeng'enya vinaukata ule mkia, na nandroloni tupu inabaki kufanya kazi. Nusu ya akiba hiyo huchukua kama siku 6 hadi 12 kutoka kwenye msuli. Kumi hapa ni urefu wa mkia, basi. Si sindano kumi wala siku kumi, ingawa nimeshasikia yote mawili.

Hospitalini dawa hii ilipewa watu wenye upungufu wa damu unaotokana na figo kushindwa, wanawake waliokoma hedhi ambao mifupa yao imekuwa myepesi, na wagonjwa waliokonda vibaya, wakiwemo wenye VVU. Kwa mifupa, dozi iliyozoeleka ni miligramu 50 kila wiki tatu. Angalia ulivyo udogo wake, na angalia kwamba kuna daktari anayepima damu katikati. Kwenye jimu watu hujichoma mara nyingi ya hapo, kila wiki, na hakuna anayepima chochote.

Mwili ukiona homoni ya kiume imejaa kwenye damu, ubongo huacha kutuma amri ya kutengeneza nyingine. Korodani hupumzika, husinyaa, mbegu hupungua au hukatika. Kijana anakuwa na mabega mapana na wakati huohuo hawezi kumpa mke wake mimba, na kwa sababu dawa hutoka polepole, hali hiyo huendelea miezi mingi baada ya sindano ya mwisho. Kolesteroli nzuri hushuka na moyo hubeba mzigo wake. Kwa mvulana anayekua, homoni za aina hii zinaweza kufunga ncha za mifupa mapema, akabaki na kimo hichohicho. Hili la mwisho huniuma, maana wanaoniuliza wengine bado wana sare za shule.

Wanamichezo wanaijua kwa sababu nyingine. Imepigwa marufuku muda wote, mashindanoni na mazoezini, na mabaki yake hukaa kwenye mkojo kwa miezi. Mwaka 2001 Edgar Davids wa Juventus na Jaap Stam wa Lazio walifungiwa baada ya vipimo kuonyesha nandroloni.

Sasa deksa. Hiyo ni deksamethasoni. Nayo ni steroidi, na hapa ndipo watu wanapotegwa, wakidhani steroidi ni jina la dawa moja. Steroidi ni jina la umbo. Chukua sega la asali ya Kibondo, tazama vile vijumba vya pande sita. Shikanisha vitatu, ongeza cha nne chenye pande tano: hilo ndilo umbo la steroidi zote. Testosteroni ina umbo hilo. Kolesteroli inalo. Kotisoli, homoni inayotoka kwenye tezi zilizokaa juu ya figo, inalo. Kinachoninginia pembeni ya vijumba hivyo ndicho kinachoamua dawa itafanya nini, na inaweza kufanya kinyume kabisa cha ndugu yake.

Deksamethasoni iko upande wa kotisoli. Ni dawa ya thamani kubwa kwenye mkono wa daktari. Mwaka 2020 ndiyo iliyoonekana kupunguza vifo vya wagonjwa wa korona waliohitaji oksijeni. Inatuliza uvimbe, inatuliza kinga ya mwili inapozidi. Lakini kwa misuli ni mbomoaji. Ikitumika kwa muda huvunja protini za mapaja na mabega, halafu hulundika mafuta usoni, shingoni kwa nyuma na tumboni. Hupandisha sukari na presha, hulegeza mifupa. Unene anaoupata mtu, wanaume kwa wanawake, ni maji na mafuta. Yule kijana alikuwa analipia dawa inayokula misuli anayoitafuta. Nilimwomba achuchumae kisha ainuke bila kushika kitu. Alishika kaunta. Na huyu ni mtu anayeshusha magunia kwenye mitumbwi.

Kwenye majina kuna alama zinazosaidia. Ukiona "andr", "bol" au "stan" ndani ya jina la dawa ya steroidi, uko upande wa kujenga: nandroloni, oksandroloni, boldenoni, stanozololi. Ukiona mwisho wa "soni", au "pred", uko upande wa kotisoli: deksamethasoni, betamethasoni, haidrokotisoni, prednisoloni. Majina ya kibiashara yasikudanganye. Decadron inaanza na "Deca" sawasawa na Deca-Durabolin, lakini Decadron ni deksamethasoni. Jina la kweli limeandikwa kwa herufi ndogo chini ya lile kubwa, na hilo ndilo la kusoma.

Kijana aliponielewa alikasirika, akataka kuvitupa vidonge pale pale. Nilimzuia mkono. Miligramu 0.75 za deksamethasoni zina nguvu ya miligramu 20 za haidrokotisoni, nguvu inayofikia au hata kuzidi ya kotisoli yote ambayo mwili wa mtu mzima mwenye afya hutengeneza kwa siku. Yeye alikuwa anameza vidonge viwili vya 0.5, yaani miligramu moja, kwa wiki sita. Tezi zake za juu ya figo, zinazotengeneza kotisoli, zilikuwa zimeshazoea kulala. Akikatisha ghafla zinaweza zisiamke kwa wakati: presha inaanguka, anatapika, anaishiwa nguvu, na watu wamekufa hivyo. Anayepanga namna ya kupunguza ni daktari.

"Kwa hiyo niendelee kumeza hiki kinachoniharibu?"

"Meza vya leo, halafu nenda sasa hivi hospitali. Usisubiri kesho."

Pakiti akaitia mfukoni, daktari aione mwenyewe na ahesabu siku.