GTA ni ya nani hasa? Maana ya mtengenezaji na mchapishaji wa gemu

Chukua kasha la GTA V, gemu ya mfululizo wa Grand Theft Auto, ligeuze, kisha shuka na macho mpaka chini kabisa, kwenye yale maandishi madogo ambayo hakuna anayeyasoma. Kuna alama mbili za herufi R yenye nyota pembeni, moja ya njano na nyingine ya buluu. Ya njano ni ya Rockstar Games. Ya buluu ni ya Rockstar North. Na ndani ya mistari ya hakimiliki limejibanza jina la tatu, Take-Two Interactive. Ndiyo maana watu wawili wanaweza kubishana usiku kucha kuhusu nani katengeneza GTA, na kila mmoja akawa ameshika kipande cha ukweli.

Ubishi huo unatokana na kuchanganya kazi mbili, ya mtengenezaji na ya mchapishaji.

Mtengenezaji ni rahisi kumwelewa. Ni studio yenye waandika programu, wachoraji, wabunifu wa ramani, watu wa sauti, na wale wanaoshinda wakigonga gari ukutani mara mia mbili ili kuona kama mlango unadondoka sawasawa. Wao ndio wanaoibeba gemu kutoka wazo hadi kitu unachokishika mkononi.

Mchapishaji ndiye anayesumbua, na jina lenyewe lina lawama. Limekopwa kutoka kwenye vitabu, kwa hiyo mtu akilisikia anawaza mitambo na wino. Kwenye gemu, mchapishaji ni mwenye mfuko. Analipa mishahara ya studio kwa miaka ambayo hakuna senti inayoingia. Anaipeleka gemu kwenye bodi zinazopanga umri wa wachezaji, anapatana na Sony na Microsoft ili ikubalike kwenye mashine zao, anagharamia matangazo, anaifikisha dukani na kwenye maduka ya mtandaoni. Ikiuza, anachukua sehemu nono. Ikizama, hasara ni yake.

Mgawanyo huu haukuwepo tangu mwanzo. Miaka ya 1970 kampuni iliyouza mashine ndiyo iliyotengeneza na gemu zake, na waandika programu hawakutajwa popote. Mwaka 1979 wanne kati yao waliondoka Atari wakiwa wamechoka kufichwa, wakaanzisha Activision ili watengeneze gemu za kuchezwa kwenye mashine ya Atari yenyewe. Atari ikawashtaki, lakini mwisho wakapatana. Tangu hapo ikajulikana kwamba mwenye mashine, mwenye gemu na mwenye fedha wanaweza kuwa watu watatu tofauti.

Sasa turudi kwenye GTA, maana huko ndiko mambo yanakonoga.

Gemu ya kwanza ilizaliwa Dundee, mji wa Scotland, kwenye studio iliyoitwa DMA Design. David Jones aliianzisha mwaka 1987, na ilikuwa imeshajijengea jina kwa Lemmings ya mwaka 1991, ile ya viumbe wadogo wanaotembea kwa furaha kuelekea kifo chao. Mradi mpya uliitwa Race'n'Chase, na ndani yake ungeweza kuwa polisi au mhalifu. Wanaosimulia enzi hizo wanasema gemu ilikuwa imedorora mpaka ilipoingia hitilafu: magari ya polisi yakapata wazimu, badala ya kumsimamisha mchezaji kistaarabu yakawa yanambamiza. Waliokuwa wakiijaribu wakaacha kazi nyingine zote, wakawa wanakimbizana na polisi tu. Studio ikaona kwamba kosa lina raha kuliko mpango, ikaliacha, na gemu nzima ikajengwa upya kulizunguka. Huo ni uamuzi wa mtengenezaji. Unafanyika mbele ya skrini, na anayeufanya ni yule aliyecheza kitu mpaka akajua kinaponoga.

Mchapishaji wa gemu hiyo alikuwa BMG Interactive, tawi la gemu la kampuni kubwa ya muziki. BMG walimwajiri Max Clifford, mtu wa Uingereza aliyejulikana kwa kuzusha habari magazetini, na kazi aliyopewa ilikuwa kuhakikisha watu wanakasirika. Wakakasirika kweli. Gemu hiyo ilitajwa hadi kwenye Baraza la Malodi la bunge la Uingereza mwezi Mei 1997, wakati hata dukani haijafika. Kelele zile zote hazikuandikwa na waandika programu wa Dundee. Mchapishaji alizinunua, na kwa maoni yangu hakuna matangazo ya gemu yaliyowahi kulipa vizuri zaidi. Ilipotoka baadaye mwaka huo, tayari kila kijana alitaka kuona hicho kilichowachukiza wazee.

Mwaka 1998 BMG ikauza tawi hilo kwa Take-Two, kampuni ya Marekani. Baadhi ya watu wa BMG wakahamia New York pamoja na mali waliyouzwa nayo, na Desemba mwaka huohuo wakaanzisha Rockstar Games ndani ya Take-Two. Walikuwa ndugu wawili, Sam na Dan Houser, pamoja na Terry Donovan, Jamie King na Gary Foreman. Hapa ndipo wengi wanapopotea. Rockstar ilizaliwa kama mchapishaji. Ilikuwa ofisi ya watu waliotoka kwenye muziki, waliotaka gemu ziuzwe kama albamu, zikiwa na nembo ambayo kijana ataivaa kwenye fulana. Waliokuwa wakiandika programu walikuwa bado Scotland, kwenye studio yenye jina jingine kabisa.

Take-Two iliinunua DMA Design mwaka 1999. GTA III ilipotoka mwaka 2001 na kugeuza mfululizo mzima kutoka kutazamwa kwa juu kama ramani hadi jiji la kuzamia ndani, kasha lake bado lilikuwa na alama ya DMA Design. Mwaka uliofuata studio hiyo, ambayo ilikuwa imeshahamia Edinburgh, ikapewa jina la Rockstar North. Kuanzia hapo mtengenezaji na mchapishaji wakawa wanaitwa jina moja la ukoo, na mchanganyiko tulionao leo ukaanza rasmi.

Kwa hiyo jibu fupi ni hili. GTA hutengenezwa na Rockstar North, huchapishwa na Rockstar Games, na kampuni mama ya wote wawili ni Take-Two Interactive.

Jibu refu lina mikunjo zaidi, kwa sababu mpaka kati ya kazi hizo mbili haujanyooka kama rula. Dan Houser, mtu wa upande wa uchapishaji, ndiye aliyeongoza uandishi wa hadithi za GTA kwa miaka mingi mpaka alipoondoka mwaka 2020. Mchapishaji wa kawaida hagusi mazungumzo ya wahusika, lakini huyu aliyaandika. Upande wa pili nao, Rockstar North haikai peke yake jikoni. Injini, yaani programu ya msingi inayoendesha GTA IV na GTA V, inayoitwa RAGE, ilitoka kwa ndugu zao wa Rockstar San Diego, studio ambayo kabla ya kununuliwa iliitwa Angel Studios. Studio ya Lincoln, Uingereza, inashughulika na kujaribu gemu na kuwinda makosa. Unaposema Rockstar North ndio watengenezaji, unataja kiongozi wa msafara, na nyuma yake kuna majina mengi.

Mchapishaji pia anaweza kubadilika kulingana na nchi. Huko Japani, gemu tatu za mfululizo huu, GTA III, Vice City na San Andreas, zilichapishwa na Capcom, kampuni ya hukohuko iliyotengeneza gemu ya Resident Evil, kwa sababu walilijua soko lao na Rockstar hawakulijua. Mjapani aliyenunua San Andreas wakati huo alikuta nembo ya Capcom kwenye kasha, na gemu ndani ni ileile ya Edinburgh.

Uzito wa kila kazi huonekana vizuri pale mambo yanapoharibika. Mwaka 2005 iligundulika kwamba ndani ya San Andreas kulikuwa na sehemu ya mapenzi ambayo studio iliifunga lakini haikuifuta. Mtu wa nje akatoa kiraka cha programu kilichoifungua, na kisa hicho kikaitwa Hot Coffee. ESRB, bodi ya Marekani inayopanga umri, ikaipandisha San Andreas hadi daraja la watu wazima tu. Maduka makubwa ya Marekani hayauzi gemu za daraja hilo, kwa hiyo nakala zikaondolewa kwenye rafu, na nchini Australia gemu ikakataliwa kabisa. Mistari ile ya programu iliachwa na mtengenezaji. Aliyerudishiwa mizigo, aliyechapa nakala mpya zilizosafishwa na kukabiliana na mawakili wa wanahisa ni Take-Two.

Kisa kingine kina uchungu wa aina yake. Mwaka 2021 ulitoka mkusanyo wa GTA III, Vice City na San Andreas uliofanyiwa ukarabati. Rockstar North hawakuushika. Kazi walipewa Grove Street Games, studio ndogo ya Florida ambayo zamani iliitwa War Drum Studios na ndiyo iliyozihamishia gemu hizo kwenye simu. Mkusanyo ulifika ukiwa na mvua nyeupe inayoziba macho, nyuso zilizovimba na mabango yaliyoandikwa makosa. Wachezaji walimrukia kila waliyemwona, Rockstar ikaomba radhi hadharani na kuyarudisha matoleo ya zamani ya kompyuta. Miaka mitatu baadaye, Novemba 2024, likatoka sasisho lililorekebisha mengi, ikiwemo rangi ya anga ya zamani. Sasisho hilohilo liliondoa nembo ya Grove Street Games kwenye skrini ya kuanzia. Mchapishaji ana uwezo huo. Anaamua nani aonekane mlangoni, na wale wanne walioikimbia Atari wangeelewa mara moja kilichofanyika.

Tofauti hii inasaidia pia kuzisoma habari za GTA VI bila kuchanganyikiwa. Kionjo cha kwanza kilitoka Desemba 2023 kikiahidi mwaka 2025. Mei 2025 tarehe ikasogezwa hadi 26 Mei 2026, na Novemba 2025 ikasogezwa tena hadi 19 Novemba 2026. Ukizisikiliza taarifa hizo utasikia sauti mbili. Rockstar huzungumza na wachezaji: tupeni muda, tunataka ifikie kiwango mnachokitarajia. Take-Two huzungumza na walionunua hisa zake, na mkurugenzi wake Strauss Zelnick anaulizwa kila baada ya miezi mitatu kama tarehe imesimama. Tangazo la Novemba lilitoka siku ileile kampuni ilipotoa hesabu zake, na bei ya hisa ikashuka. Studio inayochelewa inaumia kwa namna yake, lakini haina hisa sokoni za kushuka. Zelnick huyu, kwa taarifa yako, alikuwa mmoja wa wakuu wa BMG miaka ileile BMG ilipoiuza GTA kwa Take-Two. Alikuja kuongoza kampuni iliyonunua alichokuwa nacho.

Na kwa nini Take-Two inavumilia kusubiri? GTA V ilipotoka Septemba 2013 iliingiza dola bilioni 1 ndani ya siku tatu, na hadi sasa nakala zake zilizouzwa zimepita milioni 200. Mchapishaji mwenye mti unaozaa hivyo ana sababu ya kutowakimbiza wakulima.

Ukitaka kulijua hili kwa gemu yoyote, huna haja ya kusubiri mtu akueleze. Kwenye ukurasa wa gemu ndani ya Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, kuna mistari miwili inayofuatana, mmoja wa mtengenezaji na mwingine wa mchapishaji. Kwa GTA V wa kwanza umeandikwa Rockstar North na wa pili Rockstar Games. Mara nyingi utakuta jina lilelile kwenye mistari yote miwili, hasa kwa gemu za watu wachache waliojichapishia wenyewe.

Kwenye duka la simu mambo ni tofauti kidogo. Chini ya jina la gemu kunakuwa na jina moja tu, na hilo ni la mwenye akaunti, yaani kwa kawaida mchapishaji. San Andreas ya simu imeandikwa Rockstar Games ingawa waliokaa na kuihamisha ni War Drum. Kwa hiyo ukiona programu yenye picha ya GTA VI inayokuahidi kucheza leo kwenye simu, usianze na picha wala nyota za wasifiaji. Soma lile jina dogo chini yake. Kama halisomeki Rockstar Games, umefika kwa mtu mwingine kabisa.