Moirai: wasokotaji wa majaaliwa katika Ugiriki ya kale

Watu wengi wakisikia habari za Moirai, miungu wa kike watatu ambao Wagiriki wa kale waliamini ndio wapangaji wa majaaliwa, huwafikiria vikongwe waliojikunyata, mmoja ameshika mkasi. Sura hiyo imeenezwa zaidi na wachoraji wa Ulaya wa karne za baadaye sana. Mshairi Hesiod, karibu mwaka 700 KK, anawataja kwa majina: Clotho anayesokota, Lachesis anayegawa mafungu na Atropos asiyegeuzwa nia. Hasemi kuwa ni wazee, wala mkasi hautaji.

Jambo jingine ni kwamba Hesiod huyohuyo, katika utenzi mmoja, amewapa nasaba mbili. Kwanza ni mabinti wa Usiku, aliyewazaa bila mume. Mbele zaidi ni mabinti wa Zeus, mfalme wa miungu, na Themis, mlezi wa sheria na utaratibu. Wapo wanaoona hapo mtunzi alijisahau. Mimi sidhani. Wagiriki wenyewe hawakuwahi kukata shauri iwapo majaaliwa yalimtangulia Zeus au yalitoka mkononi mwake.

Uzi wenyewe wa maisha, ambao Moirai walidhaniwa kuusokota, ulitoka nyumbani. Kusokota sufu ilikuwa kazi ya wanawake, watumwa kwa malkia. Mkono mmoja ulishika fimbo iliyozungushiwa sufu, vidole vya mkono wa pili vikavuta nyuzinyuzi kidogokidogo, na chini kikaning'inia kijiti chenye uzito wa udongo wa kufinyangwa, kikizunguka na kuukaza uzi. Vipande hivyo vya udongo, vidogo, vyenye tundu katikati, wanaakiolojia huvichimbua kwa wingi. Katika Iliad, utenzi wa Homer kuhusu vita vya Troy, Hera, mke wa Zeus, anasema shujaa Achilles atapatwa na yale aliyosokotewa siku mama yake alipomzaa.

Utenzi huohuo ndio unaotuonyesha Zeus akibanwa na swali la iwapo majaaliwa yako juu yake. Mwanawe Sarpedon, mfalme wa Lycia, anakaribia kuuawa na Patroclus, rafiki wa Achilles, na ndivyo alivyoandikiwa. Zeus anasita: amnyakue kutoka vitani akiwa hai, au amwache? Hera anamjibu kwa ukali. Ukimsikiliza vizuri, hamwambii kwamba hana uwezo. Anamwambia afanye apendavyo, ila miungu wengine hawatamuunga mkono, na kila mwenye mtoto vitani atataka kumwokoa wa kwake. Zeus ananyamaza, ananyesha matone ya damu juu ya nchi, na Sarpedon anauawa. Kwa hiyo kilichomzuia hapo si minyororo. Ni hofu kwamba mfalme akivunja utaratibu, hakuna atakayeufuata.

Wengine walijaribu ujanja. Mtunzi wa tamthilia Aeschylus anakumbusha kwamba mungu Apollo aliwanywesha Moirai mvinyo, wakakubali rafiki yake, mfalme Admetus, asife siku yake ikifika, mradi apatikane wa kufa badala yake. Wazazi wake, wazee tayari, wakakataa. Mkewe Alcestis akakubali. Mtunzi mwingine, Euripides, aliigeuza habari hiyo kuwa tamthilia iliyochezwa Athens mwaka 438 KK, na Admetus hatoki humo na heshima kubwa, kwa maoni yangu.

Moirai pia waliabudiwa. Huko Athens, bibi harusi alikata kishungi cha nywele akawatolea kabla ya ndoa. Msafiri Pausanias, katika karne ya 2 BK, aliingia hekalu la Apollo kule Delphi akakuta sanamu za Moirai wawili tu. Mahali pa wa tatu palisimama Zeus na Apollo, kila mmoja akiitwa kiongozi wa Moirai. Waliosimamisha sanamu zile walikuwa na jibu lao kuhusu nani aliye juu, Zeus au majaaliwa. Na imani haikufa na mahekalu: hata katika nyakati za karibuni, vijiji vya Ugiriki viliendelea kuandaa vitu vitamu usiku wa tatu baada ya mtoto kuzaliwa, ili Moirai wakija kumpangia maisha yake wawe wameridhika.

Atropos amebaki hospitalini pia. Mwaka 1753 mtaalamu wa mimea Carl Linnaeus alilitumia jina lake kuuita Atropa mmea ambao matunda yake meusi huua. Humo ndimo ilimopatikana atropini, dawa ambayo leo hutumika kuokoa watu waliodhuriwa na baadhi ya sumu za kuulia wadudu shambani.